Mwavuli wa Rangi Namba Sita

Siku niliyomwona Iwasa Hatsue kwa mara ya kwanza, nilikuwa nimesimama ndani ya hodhi la kuogea, suruali nimeikunja hadi magotini, na nyuso za mbweha zikielea kunizunguka.

Mlango ulifunguliwa ghafla. Alikuwa mwanamke wa miaka ishirini na saba hivi, nywele fupi, mkoba wa kitambaa ameukumbatia kifuani. Akayatazama maji, akanitazama mimi, akainama kwa heshima.

"Samahani sana. Natafuta choo. Sikujua kuna mtu anaoga."

Nilitaka kumweleza kwamba hii ni kazi yangu, na kwamba choo ni mlango unaofuata. Lakini mimi maneno hunipotea mbele ya mgeni. Nilichoweza kusema ni hiki tu:

"Si mimi ninayeoga. Ni mbweha."

Mtu mwingine angefunga mlango. Yeye alichuchumaa pembeni ya hodhi, akaokota plastiki moja majini, akaiinua kwenye mwanga wa dirisha.

"Huyu mkia wake umeota mgongoni," akasema.

"Ndiyo."

"Kumbe uliona?"

"Nikiosha naona kila kitu."

"Na hukuwaambia?"

Nikachukua mbweha mwingine, nikasugua. Akairudisha plastiki majini taratibu, kama anayerudisha samaki aliye hai, akaenda chooni.

Hiyo ilikuwa Aprili mwaka 1963, huko Nerima, upande wa magharibi wa Tokyo, wakati mashamba ya kabichi bado yalikuwa mengi kuliko nyumba. Bwana Magome alikuwa amekodi nyumba ya mbao ya ghorofa moja, nyuma ya duka la tofu, jibini ya soya, akaigeuza kampuni ya filamu za katuni. Juu walikaa wachoraji tisa. Chini walikaa kina mama wa kupaka rangi. Stoo ilikuwa ya mzee Tabuchi na kamera yake. Bafu lilikuwa langu.

Kila picha iliyochorwa kwenye karatasi ilinakiliwa kwa wino juu ya plastiki angavu, kisha ikapakwa rangi kwa nyuma. Plastiki ikalazwa juu ya mandhari iliyochorwa, mzee Tabuchi akapiga picha moja, akaweka plastiki nyingine, akapiga tena. Mbweha akiinua mkono tu, tayari umetumia plastiki sita. Na plastiki zilikuwa ghali. Kwa hiyo zikishapigwa picha zililetwa kwangu, nazilowesha kwenye maji ya moto na sabuni, zinarudi kuwa angavu, na wiki inayofuata zinabeba mbweha wengine.

Nilipewa kazi hiyo kwa sababu nilikuwa nimeosha vitambaa kwenye kiwanda cha rangi tangu nina miaka kumi na miwili, nilipomaliza darasa la sita na shule ikaishia hapo. Nami niliipenda kwa sababu nyuso za plastiki hazisubiri mtu azijibu.

Iwasa-san, kama tunavyoitana kwa heshima, aliajiriwa siku ile ile kupaka rangi. Televisheni wakati huo ilikuwa nyeusi na nyeupe, kwa hiyo rangi zetu zote zilikuwa za kijivu, kuanzia namba moja iliyokaribia kuwa nyeupe hadi namba tisa iliyokaribia kuwa nyeusi. Mbweha mama alikuwa namba nne, tumbo namba mbili. Ikifika saa tisa alasiri maji ya hodhi langu yalifanana na maji ya kuoshea mchele. Kina mama wengine walipaka namba walizoandikiwa, wakaenda nyumbani kupika. Iwasa-san alipaka, halafu akauliza.

"Kwa nini mama anafunga mlango kabla hajavua viatu?"

"Kwa sababu imechorwa hivyo," Mama Sonobe akamwambia. Huyu alikuwa mkubwa wa wapakaji, mwanamke mnene mwenye sauti ya kuuza samaki. "Wewe paka namba nne, mwanangu, mambo ya viatu waachie wenyewe."

"Lakini mikono yake ina mizigo. Angefunga kwa kisigino."

"Haya, mwone huyu! Amekuja kutufundisha mbweha wanavyofunga mlango!"

Wakacheka wote, na yeye akacheka nao. Lakini baada ya mlo wa mchana alipanda ngazi na karatasi, na wiki iliyofuata mbweha mama alifunga mlango kwa kisigino, na mzee Tabuchi alipouona mkanda alipiga goti lake kwa furaha. Hivyo ndivyo Iwasa-san alivyopanda. Baada ya mwaka mmoja alihamia juu kuchora. Mwaka wa pili alikuwa anapanga matukio ya vipindi vya watu wengine, picha kwa picha, na majina yao ndiyo yaliyotokea kwenye televisheni.

Kwao ni Murakami, pwani ya kaskazini, mji ambao watu wake hutundika samoni darini na barazani, kichwa chini, wakauke kwa upepo. Baba yake alikuwa na duka la samaki hao. Alimwandikia binti yake kila mwezi barua ya mstari mmoja: "Ukimaliza kuchezea rangi, kisu chako kipo." Iwasa-san alikuwa akizisoma kwa sauti mbele ya wote, kwa lafudhi ya kwao, mpaka Mama Sonobe anajifuta machozi kwa kicheko. Kisha anazikunja na kuziweka mkobani, na nilipokuwa karibu niliona kwamba hapo hakuwa anacheka.

Juni mwaka 1965 mwongozaji mmoja aliacha kazi, na Bwana Magome akakosa mtu. Alikuwa mtu mfupi mwenye tai ndefu, na alipokuwa na wasiwasi aliikunja tai kama mkeka.

"Iwasa," akasema mbele ya wote, "kipindi cha ishirini na moja cha mwaka huu ni chako. Kimoja. Nataka nione kama mwanamke anaweza kuongoza watu bila kuwafanya walie."

"Watazamaji au wafanyakazi?" akauliza Iwasa-san.

"Wote!"

Kuanzia siku hiyo mzee Tabuchi alimwita Kantoku, jina tunalowaita waongozaji wa filamu. Alimwita kwa utani, akimpigia saluti kwa brashi ya kusafishia lenzi. Lakini Iwasa-san alikuwa anageuka kila alipoitwa.

Kipindi chetu kilihusu familia ya mbweha wenye nyumba ya wageni milimani. Katika kipindi cha ishirini na moja, mtoto wa kiume anaondoka kwenda kutafuta kazi mjini. Mama yake anamkimbilia kwenye mvua, ana mwavuli, anamfikia darajani na kumwambia maneno mengi ya kulia. Tukio hilo la darajani peke yake lilikuwa plastiki mia na arobaini. Iwasa-san alichora mengi yake mwenyewe.

Juni ndiyo majira ya mvua kwetu. Mikeka inaota ukungu, viatu vinaota ukungu, na rangi haikauki. Rafu za kukaushia zilijaa, sakafu ikajaa, watu wakawa wanatembea kwa ncha za vidole. Plastiki za darajani zilipokwisha kupakwa Jumapili jioni, hapakuwa na mahali pa kuziweka. Iwasa-san akafikiri kama mtu wa Murakami: samaki wakikataa kukauka, watundike penye hewa ya moto. Akawasha jiko la bafu, akafunga kamba kutoka ukuta hadi ukuta, akazitundika zote mia na arobaini kwa vibanio vya nguo, juu ya hodhi langu. Kisha akaenda nyumbani kulala, maana alikuwa hajalala siku mbili.

Hakumwambia mtu.

Jumatatu asubuhi nilifika kama kawaida, kabla ya wengi. Jiko lina moto, maji yana moto, plastiki zinaning'inia. Nikafikiri mzee Tabuchi amezimaliza na kuniletea, na mtu mwenye huruma amenichemshia maji. Nikazishusha, nikazilowesha.

Hapa lazima niseme kitu. Rangi iliyokauka hutoka kwa magamba, vipande vipande, na hubaki ikielea. Asubuhi ile haikutoka kwa magamba. Ilitoka kama uji. Nilipoosha ya kumi hivi nilisimama nikaitazama. Kichwani nikajisemea: hii ni mbichi, nenda ukaulize. Lakini juu palikuwa tayari na watu wanne au watano, na ili niulize ingebidi nipande ngazi, nifungue mlango, na vichwa vyote vigeuke kunitazama. Nikajiambia ni unyevu wa Juni tu. Nikaendelea kuosha. Nikaziosha vizuri sana.

Saa tatu mzee Tabuchi alichungulia, akaniita kwa jina langu la nyumbani.

"Toku, zile za darajani ziko wapi? Taa nimeshawasha."

Nikamwonyesha rundo. Zilikuwa zinang'aa. Ungeweza kusomea gazeti kupitia zote mia na arobaini.

Mzee Tabuchi alikaa kwenye ukingo wa hodhi. "Ewe mama yangu," akasema. "Umewazamisha wote."

Iwasa-san alikuja akiwa bado ameshika mwavuli wake unaochuruzika. Aliangalia rundo, akaangalia kamba tupu, akaangalia maji. Nilikuwa nimeinama hadi paji la uso linagusa sakafu yenye maji, nikitafuta neno la kuomba radhi, na sikulipata hata moja.

Bwana Magome akaingia, tai imekunjwa hadi shingoni.

"Nani?" akapiga kelele. "Nani kafanya hivi?"

"Mimi," akasema Iwasa-san.

"Wewe umeosha?"

"Nimezitundika kwenye bafu la kuoshea, juu ya maji ya moto, bila kumwambia mtu hata mmoja. Ukitundika nguo zako kwa dobi ukazikuta zimeoshwa, utamgombeza dobi?"

"Usinijibu kwa maswali, Iwasa! Mkanda unatakiwa uwe kiwandani kusafishwa kesho saa sita mchana. Hiyo filamu isipofika, narudia kipindi cha zamani, na wewe unarudi chini kwenye brashi. Namba nne na namba mbili mpaka uzeeke. Na habari za kuongoza usinitajie tena. Umenielewa?"

"Nimekuelewa."

Alipotoka, Iwasa-san alikwenda kwa Mama Sonobe. Nilisikia yote kupitia mlango.

"Mama, tukianza upya sasa hivi, mnaweza kunakili na kupaka ngapi hadi kesho asubuhi?"

"Kwa hali hii ya hewa? Ishirini. Na zitanata kama keki za mochi za mchele."

"Ishirini."

"Ishirini na tano, na waume zetu wale wali mtupu."

Akarudi bafuni. Nilidhani amekuja kunifukuza, nami nilikuwa nimekwisha kukunja aproni yangu. Badala yake akakaa sakafuni, mgongo ukutani, miguu kainyoosha kwenye maji yaliyomwagika. Alikuwa kama mtu aliye kituoni baada ya treni kuondoka. Baadaye akaniuliza, bila kunitazama:

"Nezu-san, wewe huwa unakuja kazini kwa njia gani? Sijawahi kukuona barabarani."

"Napita shambani. Kando ya uzio wa miti ya chai."

"Si ni mbali zaidi?"

"Barabarani inabidi kusalimiana."

Akacheka, kidogo tu. "Na huko shambani unaona nini?"

Nikamwambia. Mpaka leo sijui kwa nini maneno yalitoka. Pengine kwa sababu nilikuwa na deni lake na sikuwa na kitu kingine cha kumpa. Nilimwambia kwamba ule uzio unanifika kichwani, na upande wa pili kuna njia ya watoto wa shule. Siku za mvua watu siwaoni, naona miavuli tu inatembea juu ya michai. Kila siku kuna mwavuli mkubwa na mwavuli mdogo. Inakuja pamoja hadi kwenye kona. Hapo mkubwa unasimama, mdogo unaendelea.

"Halafu?"

"Halafu ule mkubwa unainuka kidogo. Kama mtu anasimama kwa ncha za vidole."

"Halafu?"

"Unakaa hivyo hivyo mpaka mdogo umepotea. Halafu unashuka, unageuka. Unarudi polepole kuliko ulivyokuja."

Iwasa-san alikuwa amegeuza kichwa ananitazama. Safari hii hata mimi sikuangalia chini.

"Nani anashika huo mkubwa?"

"Sijui. Sijawahi kumwona."

"Hujawahi kumwona," akarudia, "na unajua anavyojisikia."

Akaruka juu. Alipanda ngazi na ndala mguu mmoja, nyingine ikabaki bafuni, na tukamsikia anapiga kelele huko juu: "Mnipe karatasi! Futeni daraja! Hakuna daraja! Hakuna maneno ya kulia! Nataka uzio!"

Mandhari aliichora mwenyewe: michai, mstari wa mashamba, anga ya kijivu. Plastiki za mvua tulikuwa nazo kwenye sanduku, mvua ile ile tuliyoitumia kila kipindi. Kilichobaki kuchorwa ni miavuli miwili.

"Plastiki mbili?" Mama Sonobe akasema. "Mbili tu? Basi leo nitapika."

"Mbili. Lakini zipake kama unampakia mwanao."

"Wa mama namba ngapi?"

Iwasa-san akafumba macho. "Sita."

"Sita ni nzito."

"Ni mwavuli wa siku nyingi, mama. Sita."

Zilipopakwa, msichana mmoja aliuliza zikaushwe wapi, na nyumba nzima ikajibu kwa sauti moja: "Si bafuni!" Mama Sonobe alizipepea kwa upepeo wa mkono kwa saa nzima, akibadilisha mkono, akilaani mvua, akimlaani Magome na tai yake. Mchana alitugawia matonge ya wali aliyoyaleta kutoka kwake. Nililila langu nimesimama kando ya wengine, na vidole vyangu viliacha alama za kijivu kwenye wali.

Alasiri Iwasa-san alinijia tena.

"Nezu-san, osha mikono uje kwenye kamera."

"Mimi?"

"Mwavuli lazima usogezwe nukta kwa nukta, Tabuchi-san apige picha, usogezwe tena. Hapa hakuna mwingine anayejua unavyoinuka."

"Mikono yangu inatetemeka, Kantoku."

Ilikuwa mara yangu ya kwanza kumwita hivyo. Nadhani aliisikia, maana aligeuka kunitazama.

"Vizuri," akasema. "Mwavuli wa mama uko kwenye mvua. Nao unatetemeka."

Tulipiga picha alasiri ile yote, na asubuhi ya Jumanne tangu saa moja. Mzee Tabuchi alibonyeza, mimi nilisogeza upana wa punje ya mchele, Iwasa-san alihesabu. Mwavuli mdogo ulipokwisha kupotea, nilitaka kuugeuza ule mkubwa. Akanishika mkono.

"Bado. Mwache asimame."

"Hadi lini?" mzee Tabuchi akauliza. "Nina mkanda wa kiasi, binti."

"Mpaka mwenyewe aamue."

Tukamwacha asimame. Tik, tik, tik, kamera ikapiga uzio na mvua na mwavuli usiosogea. Halafu, sijui ilikuwaje, wote watatu tulijua wakati mmoja. Nikaugeuza.

Mzee Tabuchi alipakia mkanda kwenye pikipiki yake saa nne na nusu. Alifika kiwandani saa sita kasoro dakika ishirini, na kwa miaka mingi baadaye kila aliposimulia zile dakika zilipungua, hadi zikabaki mbili.

Alhamisi Bwana Magome aliutazama mkanda. Sisi wote tulikaa nyuma yake. Taa ilipowashwa hakugeuka.

"Mbweha yuko wapi?" akauliza.

"Chini ya mwavuli," akasema Iwasa-san.

"Simwoni."

"Uzio ni mrefu."

"Mimi nina kampuni ya mbweha, Iwasa. Watoto wanawasha televisheni waone mbweha. Hapa kuna dakika nzima haina mbweha!"

"Lakini ulijua anafanya nini?"

Bwana Magome akaikunja tai, akaikunjua. "Mama yangu mimi," akasema hatimaye, akiuambia ukuta, "alikuwa na mwavuli wa karatasi. Uliotoboka." Kisha akatoka haraka, na hakutoa uamuzi wowote.

Jumamosi saa kumi na mbili na nusu jioni tulijazana kwenye duka la tofu, maana ndiko kulikokuwa na televisheni. Mwenye duka, mama mmoja asiyetulia hata dakika, alikuwa anafuta meza. Mwavuli mkubwa uliposimama kwenye kona, kitambaa chake kikasimama. Ulipoinuka kwa ncha za vidole, akasema "Aa!" kama mtu aliyekanyaga kitu. Ulipogeuka, alikaa chini juu ya ndoo. Halafu jina likapanda kwenye kioo: Mwongozaji, Iwasa Hatsue. Nilimtazama. Alikuwa anaangalia sakafuni, masikio mekundu, anang'oa uzi kwenye mkono wa sweta.

Barua zilianza kuja Jumanne. Nakumbuka moja vizuri, ya mtoto wa miaka saba wa Okayama. Alikuwa amechora uzio na miavuli kwa kalamu za rangi, na chini ameandika: "Mwavuli mwekundu wa mama ni mzuri." Iwasa-san aliishika ile barua kwa muda mrefu.

"Mwekundu," akasema. "Mama Sonobe, njoo uone. Namba sita ni nyekundu."

"Siku zote nilijua," akasema Mama Sonobe.

Barua nyingine ilitoka Murakami. Safari hii ilikuwa na mistari miwili. "Nimeona jina. Kisu nimempa mdogo wako."

Aliisoma kwa sauti, kwa lafudhi ya kwao, na hakuna aliyecheka, isipokuwa yeye mwenyewe, tena mpaka akalazimika kwenda kunawa uso bafuni kwangu. Bwana Magome alimpa kipindi cha ishirini na nne, halafu cha ishirini na saba. Habari za brashi hazikutajwa tena.

Aliongoza miaka ishirini na moja. Rangi ilipokuja kwenye televisheni alilalamika mwaka mzima kwamba watu wamenyang'anywa kazi ya kuwaza. Plastiki zikawa rahisi, hazikuoshwa tena, na kampuni ya Bwana Magome ilipofungwa mimi nilihamia kwenye kusambaza picha kwa gari dogo, kutoka nyumba ya mpakaji hadi nyumba ya mchoraji. Kila kampuni aliyokwenda, Iwasa-san aliwaambia: "Mtafuteni Nezu-san, hapotezi kitu." Hakuwa mtu maarufu. Vipindi vyake vilikuwa vya watoto, vya jioni, vya kutazamwa huku mtu anasubiri chakula. Alitengeneza filamu moja ya kwake mwenyewe, ya dakika ishirini, kuhusu samoni anayerudi kwao, ikaonyeshwa kwenye kumbi za shule. Vijana walimwogopa kidogo kwa maswali yake. Na kila aliponikuta, hata nikiwa nimebeba mafurushi hadi puani, hakuniamkia kama watu wengine. Alisema, "Nezu-san, umeuliza?" Nami nilijibu, "Nimeuliza, Kantoku." Vijana walidhani ni salamu ya zamani.

Ilinichoma kila mara, na yeye hakujua. Ndivyo nilivyoamini. Kwa maana siku ile alijitwika kosa lote mbele ya Bwana Magome, nami nikamwacha alibebe. Sikuwahi kumwambia mtu kwamba rangi ilitoka kama uji, na kwamba nilijua.

Mwaka jana, Oktoba, aliamua kurudi Murakami kuishi na mdogo wake dukani. Alisema mgongo umechoka na samoni hawaulizi tarehe ya kumaliza. Nilimpeleka kituo cha Ueno kwa gari langu dogo, nikambebea sanduku hadi ndani ya behewa, nikashuka, nikasimama kwenye jukwaa mbele ya mlango wake. Kengele ilikuwa bado haijalia. Nina miaka hamsini na moja. Nikajisemea, sasa au basi.

"Kantoku," nikasema, "zile plastiki za darajani. Nilipoosha ya kumi niliona kwamba ni mbichi. Nilitaka kupanda kuuliza. Niliogopa ngazi."

Nikainama sana, kama siku ile, na watu wakatupita na mizigo yao. Kengele ikalia. Nilipoinuka alikuwa anatabasamu kwa mdomo wote.

Hakurudi tena Tokyo. Februari mwaka huu moyo wake ulisimama akiwa barazani kwao, chini ya samaki, na mdogo wake akaniletea kwa posta samoni mmoja mkavu, amefungwa kwenye karatasi za zamani za kuchorea. Barua imeandikwa kwamba ndivyo alivyoagiza. Tulimla mimi na mke wangu, na Mama Sonobe, ambaye sasa ana miaka themanini na bado anaongea kama anauza.

Lakini siku ile Ueno mlango ulikuwa bado wazi, na akainama kuelekea kwangu, mkono mmoja kwenye nguzo, ili nisikie juu ya kengele.

"Nilijua siku ile ile, Nezu-san. Rangi iliyokauka haichafui vidole, na wewe ulishika tonge la Mama Sonobe kwa vidole vya namba nne, ukaona umelichafua, ukalila lote hivyo hivyo. Nikasema, basi, huyu keshajihukumu, sina la kuongeza."